Warithi wa Anselmi Simoni, Njia ya Kilosa–Mikumi

Kilosa, bwenini
27 Machi 1994

Baba,

Shikamoo.

Barua hii nimeianza mara nne. Tatu za kwanza nilianza na "Kaka Doto" kama nilivyozoea, nikazikunja na kuzitia mfukoni ili wenzangu wasizione. Nitawaelezaje kwamba mwezi wa kwanza ulikuwa binamu yangu na dereva wa baba, mtu wa kunifichia viatu ili nichelewe kanisani, na mwezi wa tatu umekuwa baba yangu?

Siku ile kule Vidunda nilisimama nyuma ya mama. Shangazi Regina alipokufunga shuka nyeupe na kukukalisha kwenye kigoda cha baba, nilikutazama wewe tu, nikaona jasho linakutoka. Akasema kuanzia siku hiyo Anselmi ni wewe, kwa sababu ukoo wetu unapita kwa dada, na jina la mjomba hubebwa na mtoto wa dada yake. Akasema neno "marehemu" lisisikike tena, maana mwenye jina amerudi. Watu wote wakakusalimu, hata mama alipiga goti. Mimi nilikusalimu pia, ila kwa sauti ndogo. Kama hukusikia, ndiyo hiyo nimeiandika hapo juu.

Nina swali moja, tafadhali usilione la utovu wa adabu. Maktaba yetu hupata magazeti ya zamani. Katika moja nimesoma tangazo kuhusu leseni za kusafirisha abiria. Linasema mwenye leseni akifariki, leseni yake haiendelei kutumika hivi hivi. Warithi wake wa kisheria wapeleke ombi kabla muda wake haujaisha, la sivyo njia hupewa mwombaji mwingine. Leseni ya gari letu nakumbuka ilibandikwa kwenye kioo cha mbele, na inaisha tarehe 30 Juni. Je, imeshughulikiwa? Siku hizi za ruksa kila mwenye uwezo analeta gari, na wanaoitazama njia yetu ni wengi. Gari likikosa njia, sijui mama na mdogo wangu Agnesi wataishije.

Jibu mpe konda, Mzee Mudi, aliache kwa mlinzi getini kama kawaida.

Mwanao,
Marselina Anselmi


Mikumi
4 Aprili 1994

Mwanangu Marselina,

Marahaba! Nimeandika "mwanangu" nikacheka peke yangu kwenye usukani mpaka Mzee Mudi akaniuliza kama nimeng'atwa na siafu. Mimi nina miaka ishirini na minne, wewe kumi na sita. Ningekuzaa nikiwa darasa la pili! Lakini ndiyo hivyo, wazee wameshasema. Na shikamoo yako siku ile niliisikia. Ndiyo iliyonitoa jasho.

Kuhusu leseni ondoa wasiwasi. Nilimuuliza shangazi yako. Unamjua mama yangu, swali hulijibu kwa swali. Akasema, "Imeandikwa jina gani?" Nikasema Anselmi Simoni. "Na wewe nani?" Nikasema Anselmi. "Sasa unaniuliza nini?" Akaendelea kuchambua maharage yake. Na kweli, juzi askari mmoja njiani alikagua, nikamwambia mwenye leseni ndiye mimi. Akasema, "Haya, pita mzee." Ameniita mzee, Marselina! Nimefurahi njia nzima mpaka nimefika kijijini Ulaya.

Gari ni zima. Watu bado wanaliita chai maharage kwa jinsi abiria wanavyokaa wakitazamana kama wako hotelini. Juzi mama mmoja wa Zombo alipanda na mbuzi, akadai mbuzi akae benchini kwa kuwa kamlipia nauli. Mzee Mudi akamwambia, "Sawa mama, lakini akikaa na afunge mdomo, wenzake hawabishani na konda."

Wewe soma. Ukifeli watasema baba mpya ndiye kaharibu.

Baba yako (nimejikaza),
Anselmi, yaani Doto


Kilosa
17 Aprili 1994

Baba,

Shikamoo. Barua yako nimeisoma mara nyingi, hasa pale pa mbuzi. Lakini kuhusu leseni sikuweza kutulia, nikaenda kumuuliza Mwalimu Mwanakheri anayetufundisha Uraia. Mume wake alikufa akaacha lori, kwa hiyo mambo haya ameyapitia. Nilisimama mlangoni kwake muda mrefu mpaka akafikiri nimekuja kuomba ruhusa ya zahanati.

Nilimweleza kuhusu jina. Hakucheka. Alisema, "Marselina, serikali haimjui mtu aliyerudi. Inamjua aliyezaliwa na aliyekufa, na kila mmoja ana cheti chake." Akanielekeza kwamba kwanza kipatikane cheti cha kifo, kisha ukoo ukae na kuandika muhtasari wa kikao, kisha Mahakama ya Mwanzo imteue msimamizi wa mirathi. Huyo msimamizi ndiye ataomba leseni Morogoro kwa niaba ya warithi.

Nikamuuliza warithi ni nani. Akasema mke na watoto. Nikauliza, na mpwa aliyepewa jina? Alinitazama kidogo, akasema mpwa ni mpwa.

Kwa hiyo kwenye karatasi warithi ni mama, mimi na Agnesi. Sentensi hiyo nimeiandika haraka ili niimalize. Sijui kuiandika kwa namna ambayo haitakuumiza, na nimejaribu.

Tafadhali mpeleke mama mahakamani mapema. Zimebaki siku sabini na nne.

Mwanao,
Marselina


Mikumi
3 Mei 1994

Marselina,

Barua yako ya tarehe 17 nimeipata. Nimeielewa vizuri, japo mimi niliishia darasa la saba.

Jana nilipita mahakamani, nikakuta tangazo ubaoni. Mirathi ya Anselmi Simoni. Mwombaji ni mama yako. Warithi: Paulina, Marselina, Agnesi. Nimesoma mpaka muhuri. Mama yako hakuniambia, nimeliona kwa macho yangu mwenyewe, na watu wa sokoni nao wanalisoma huku wakinitazama.

Sikuomba kupewa jina. Nilikalishwa. Gari hili la mjomba nimeliendesha miaka sita, likiwa bovu na likiwa zima. Kama wewe na mama yako mlikuwa mmeshapanga, mngeniambia mdomoni. Msingenizungusha na magazeti ya maktaba.

Gari lipo kwa fundi, springi imekatika.

Doto


Kilosa
10 Mei 1994

Baba,

Shikamoo.

Barua yako imekuja na stempu. Tangu niingie shule hii, kila barua ya kutoka nyumbani imeletwa kwa mkono wa Mzee Mudi. Hii ilipitia posta. Ndipo nikamuuliza msichana mmoja wa darasa letu ambaye kwao ni Zombo. Alisema wiki tatu sasa gari letu halijapita, watu wa kwao wanakuja Kilosa kwa miguu na kwa malori ya mbao. Springi haikai kwa fundi wiki tatu. Nakuomba uniambie gari liko wapi.

Kuhusu tangazo, naapa sikujua. Mama sikumwandikia neno. Niliogopa kumwandikia kwa sababu husomewa barua na jirani. Mambo yote niliyoyajua nilikuandikia wewe, kwa sababu wewe ndiye mtu ninayeweza kumwandikia. Nikiwa na watu wengine maneno hunikimbia, unajua. Nilidhani nikikueleza mapema utakuwa wa kwanza kulishughulikia. Sasa naona niliandika kama karani.

Mwalimu aliposema mpwa ni mpwa, sikumjibu. Nilitaka kumwambia kwamba huyo mpwa ndiye aliyelala chini ya gari na baba kule Munisagara usiku kucha lilipovunjika ekseli, na ndiye aliyenileta shule siku ya kwanza, akanibebea sanduku mpaka mlangoni, akawadanganya wenzangu kwamba mimi ni mkali nisije nikaonewa. Sikusema. Nakwambia wewe.

Tafadhali usiniandikie tena kama ulivyoniandikia.

Marselina


Mikumi
25 Mei 1994

Mwanangu Marselina,

Nisamehe. Niliandika nikiwa na hasira, nikaiposti kabla haijapoa.

Gari liko polisi. Limekaa pale tangu tarehe 19 Aprili, siku mbili baada ya wewe kuandika ile barua. Walikuja wakaguzi wa magari kutoka Morogoro, watu wageni, si askari wa kila siku. Mmoja akasoma leseni ya kiooni, akaniuliza mwenye gari ni nani. Nikasema mimi, Anselmi Simoni. Akaomba leseni yangu ya udereva. Imeandikwa Doto. Akaziweka zote mbili juu ya boneti. Nikaanza kumweleza habari za kigoda na shuka nyeupe. Alisikiliza mpaka mwisho, Marselina, kwa heshima kabisa. Kisha akasema, "Pole, kijana. Kwa hiyo mwenye leseni amefariki." Akachukua ufunguo.

Nyumbani tulikubaliana usiambiwe kwa sababu ya mitihani. Polisi ndio waliomwelekeza mama yako aende mahakamani. Aliona aibu kuniambia, maana mbele za watu mimi nina jina la mumewe. Mimi nikadhani ni njama. Tumekaa nyumba jirani mwezi mzima tukisalimiana kwa kutazama chini.

Sasa sikiliza la juzi, maana ndilo baya zaidi. Shauri lilisikilizwa tarehe 23. Ukoo wote ulishuka kutoka Vidunda, wamejaa mabenchi. Hakimu akamuuliza mama yako, "Mumeo yuko wapi?" Akanitazama mimi, akatazama sakafu. Hakimu akasema, "Mama, mumeo amesafiri?" Watu wakacheka. Akauliza nani shahidi wa kifo. Hakuna. Cheti cha kifo hakuna, kwa sababu wazee walikataa kwenda kuandikisha. Wanasema jina likisharudi, anayetamka kwamba Anselmi alikufa anamzika mara ya pili, na balaa litakuja kwenye nyumba ya mtamkaji. Mama yako anamwogopea Agnesi. Mzee Mudi alikuwa tayari kutamka, lakini siku ya kifo alikuwa Chanzuru kwa wajukuu, hakuona chochote. Mimi nilikuwa Kilosa na gari. Na hata ningekuwepo, mwenye jina atasimamaje aseme amekufa?

Aliyekuwepo ni shangazi yako na mama yako peke yao.

Hakimu ameahirisha hadi tarehe 6 Juni, akasema hataahirisha tena. Ikishindikana siku hiyo, hatuwahi tarehe 30. Tayari kuna mtu ameonekana akiulizia njia yetu, ana basi dogo jipya lenye viti vya sponji.

Doto


Kilosa
30 Mei 1994

Baba,

Shikamoo. Nimekwishakusamehe, na wewe unisamehe.

Nilikwenda kwa mkuu wa shule kuomba ruhusa nije mahakamani. Nilikuwa nimepanga kusema mimi. Mkuu alikataa kwa sababu mitihani inaanza tarehe 6 hiyo hiyo. Kusema kweli hata ningekuja ningesema nini? Mimi nilikuwa shuleni. Taarifa ilinifikia siku ya pili, na nilipofika nyumbani nilikuta mmeshazika kwa sababu ya joto.

Nimeweka ndani barua ya kumpa Shangazi. Naomba umsomee wewe mwenyewe, polepole, mkiwa wawili. Kama atakasirika, mwambie ni utoto wangu.

Marselina


(Ndani yake)

Shangazi mpendwa,

Shikamoo.

Sikuombi uvunje jambo lolote mlilolifanya Vidunda. Doto nitaendelea kumwita baba, na nikiolewa yeye ndiye atakayesimama.

Lakini mimi sikumwona baba. Alinisindikiza kutoka stesheni ya Kilosa mpaka barabara ya shule, akanipa daftari mbili, akageuza gari. Siku tano baadaye naambiwa yuko kaburini. Mliokuwepo mmenyamaza, na mimi sikuthubutu kuuliza kwa sababu tuliambiwa amerudi. Sijui kama alisema neno. Sijui kama aliumia. Sijui hata nani alikuwa amemshika.

Siku ya mahakama hakimu atauliza, lakini na mimi ninauliza. Aliyemwona aseme tu alichokiona.

Ni mimi mtoto wa kaka yako,
Marselina


Mikumi
8 Juni 1994

Mwanangu Marselina,

Naandika nimekaa kwenye ngazi za ofisi ya kata, karatasi iko gotini, kwa hiyo soma polepole.

Barua yako nilimsomea shangazi yako Jumamosi. Alikuwa anawatupia kuku pumba. Nilipomaliza akasema, "Rudia pale pa daftari." Nikarudia. Akawatupia kuku bakuli zima, akaingia ndani. Nikajua tumekwisha.

Juzi tarehe 6 mabenchi yalijaa tena. Hakimu akauliza lile lile: nani alishuhudia kifo cha Anselmi Simoni? Akauliza mara ya pili. Akachukua kalamu kufunga jalada. Ndipo shangazi yako akasimama. Unajua jinsi alivyo mfupi, hakimu akamwambia, "Simama, mama." Akasema, "Nimesimama." Hakuna aliyecheka.

Akasema, "Ndugu yangu alikufa. Tarehe tisa mwezi wa kwanza, jua likiwa kichwani. Alisema kifua kinambana, akaomba maji, hakuyamaliza. Kichwa chake kilikuwa hapa." Akajipiga paja. "Huyu Paulina alimshika miguu. Alimtaja mwanawe aliyeko shule, akasema asitolewe darasani. Kisha akanyamaza. Nilimfunga kidevu kwa khanga yangu mwenyewe. Kuna mtoto anauliza nani alimwona. Mimi nilimwona."

Mzee mmoja wa Vidunda akasema kwa sauti, "Regina, unajua unachokifanya?" Akamgeukia. "Nimemzika mara moja na sitamzika tena. Nimesema alikufa, sikusema jina lake limekufa. Nikiwa nimekosea, nitamwomba radhi mwenyewe nikimkuta." Kisha akanyoosha kidole kwangu, "Huyu ana jina la kaka yangu. Hana gari lake. Gari ni la watoto."

Sitakuficha, iliniuma. Nilitamani benchi linimeze. Hakimu akaniuliza kama nina pingamizi lolote, na jina langu nani. Wote wakageuka kunitazama. Nikasema, "Naitwa Doto. Sina pingamizi. Mimi ni dereva." Basi. Nilidhani nitajisikia mdogo, lakini miguu ilipata nguvu.

Hakimu aliupokea ushahidi huo, akasema cheti kifuate, na mama yako ndiye msimamizi wa mirathi. Hakimu alipomuuliza atalisimamiaje gari naye hajui kuendesha, akajibu, na hapo alikuwa ananitazama usoni kwa mara ya kwanza tangu mwezi wa tatu, "Dereva ninaye, na nikimkosa yeye nitaliuza." Tulipotoka nje nilitaka kumshukuru nikashindwa. Akanipa mfuko wake nimbebee, tukaenda.

Leo tumekwenda kata. Shangazi yako amerudia yote mbele ya mwandishi, cheti cha kifo kimeandikwa. Kesho alfajiri mimi na mama yako tunakwenda Morogoro na karatasi zote. Ndiyo, tutapanda gari la watu. Nitakaa nyuma nimkosoe dereva.

Doto


Morogoro
10 Juni 1994

Marselina,

Haraka haraka, kutoka posta. Ombi limepokelewa na kupigwa muhuri. Karani alisema hatuna la kuogopa tarehe 30, kilichotakiwa ni liwe limeingia. Akamuuliza mama yako mimi ni nani wake. Akasema, "Ni mkubwa wa nyumba." Karani hakuona kisanduku cha kuandikia hilo kwenye fomu, akaacha wazi.

D.


Kilosa
17 Julai 1994

Baba,

Shikamoo. Mzee Mudi alifika getini juzi mchana, na mlinzi akaja kuniita darasani kwa sababu mzee alikataa kuacha bahasha kwa mtu mwingine. Alisema gari limetoka polisi, limejaa na abiria wanamsubiri, wacha wasubiri. Nilikiona kichwa chako kwenye dirisha la dereva kule barabarani, ukapiga honi, nikashindwa kupunga mkono kwa sababu darasa zima lilikuwa madirishani.

Nakala ya leseni mpya niliifungua bwenini, baada ya chakula, wenzangu wakiwa wamekwenda kuchota maji. Nimeisoma yote, njia, idadi ya abiria, namba ya gari. Kwenye nafasi ya mwenye leseni wameandika: Paulina, msimamizi wa mirathi ya marehemu Anselmi Simoni, kwa niaba ya warithi.

Nilifika kwenye neno hilo la "marehemu" nikasimama. Ni neno la kawaida, limepigwa taipu kama mengine. Lakini ilikuwa mara ya kwanza kuliona limewekwa mbele ya jina lake, na hakuna aliyekataza. Nikaanza kulia. Sikulia hivyo mwezi wa kwanza, sikulia Vidunda. Nililia kwa sauti, mimi ambaye hata nikijibu swali darasani huambiwa niongeze sauti. Wenzangu waliporudi na ndoo walinikuta chini kati ya vitanda, wakakimbia kumwita matroni.

Matroni alikuja akifikiri naumwa. Alikaa chini na mimi, akaniuliza kuna nini. Nikamwambia baba yangu amefariki. Akanikumbatia, akasema maskini mtoto, habari imefika leo? Nikasema hapana. Akauliza, amefariki lini? Nikasema mwezi wa kwanza, tarehe tisa, jua likiwa kichwani.

Hakuniuliza kwa nini ninalia mwezi wa saba. Alimtuma mmoja alete maji, akaniambia nimweleze alikuwa mtu wa namna gani. Nikaanza kumweleza, na wenzangu wakakaa vitandani kusikiliza, na sikuona haya. Kengele ya kulala iligongwa nikiwa bado sijafika hata nusu.

Mwanao,
Marselina